Nambari ya Mzee Johana

Tap.

Kisha kimya. Kisha, kutoka upande wa jikoni, piip moja nyembamba, kama kifaranga aliyekanyagwa.

Nelvine alishakaa kitako kitandani kabla macho hayajafunguka vizuri. Hakuhitaji taa ili ajue. Ile tap ilikuwa swichi kubwa ya boma ikianguka. Ile piip ilikuwa kompyuta ikiwaka upya baada ya mtu kuirudisha swichi juu. Na kati ya tap na piip, saa arobaini na moja zilikuwa zimemwagika kama maziwa.

"Ni baba yako," alisema gizani.

Aron, mumewe, alijivutia blanketi. Kazi yake ilikuwa kupakia magunia ya majani ya chai kwenye lori la kiwanda, na mgongo wake ulikuwa na hesabu zake na usingizi. "Ni saa kumi na nusu, Nelvine. Ng'ombe hajui mambo ya kompyuta."

"Nilimwomba Jumatatu. Jana nikamwomba tena."

"Alikwambia nini?"

"Alisema ataona."

"Basi ameona," Aron alisema, akageukia ukutani.

Nje, mashine ya kukata napia, majani ya ng'ombe, ilianza kunguruma. Boma lile lilikuwa na mita moja ya stima, iliyokaa nyumbani kwa Mzee Johana, na waya mmoja uliovutwa juu ya uwanja hadi kwa mwanawe Aron. Kila alfajiri mzee aliwakatia ng'ombe wake watatu chakula. Siku nyingi mashine iliwaka salama. Siku nyingine swichi ilizidiwa ikaanguka, na mzee akairudisha juu kwa kidole kimoja, akaendelea na kazi. Kwa miaka mingi hakuna aliyepata hasara, maana saa hiyo kitu pekee kilichotumia stima kwa Aron kilikuwa simu iliyokuwa ikichajiwa.

Juu ya meza ya jikoni, kwenye gunia lililokunjwa, kompyuta namba saba ilikuwa inahema. Maandishi meupe yalishuka kwenye skrini nyeusi kana kwamba hakuna lililotokea. Nelvine alisimama mbele yake na leso begani, akiitazama kama mtu anavyomtazama mtoto aliyeanguka na sare mpya.

Namba saba ilikuwa mojawapo ya kompyuta kumi na moja za ukumbi wa kijiji, pale Mogogosiek, ambako watu wazima kumi na wanane walisoma jioni. Zilikuja zikiwa zimeshachoka, msaada wa ofisi moja ya mjini iliyokuwa inanunua nyingine. Mifumo ya kisasa ilizikataa zote. Mwalimu Nyang'au, aliyefundisha darasa lile, ndiye aliyeziwekea Veska: mfumo endeshi, yaani ile programu ya kwanza inayoamka ndani ya mashine na kuiambia wewe ni kompyuta, simama ufanye kazi. Veska haina tajiri. Inatengenezwa na watu waliotawanyika duniani, wengi hawajawahi kuonana. Huyu anaandika kipande, yule anakijaribu, mwingine anasema hapa pameharibika. Anayetaka huichukua bure, na anayeweza hurudisha kitu.

Nelvine alikuwa anarudisha. Alirudisha yeye, na mama mkwe wake Rebeccah, na jirani yao Mongina. Kila jioni somo likiisha, watatu hao walibaki wakajaribu marekebisho mapya kwenye mashine nzee na kutuma ripoti: hii imewaka, hii imekwama, hii haioni printa. Kwa miezi minne walikuwa wametuma ripoti mia mbili na kumi na mbili.

Sasa jumuiya ya Veska ilitaka kuachana na toleo la mashine nzee. Wanaolitunza ni wachache, walisema, na wanaolitumia hawaonekani. Waliweka masharti mawili, mwisho Ijumaa saa sita mchana: apatikane mlezi mmoja mwenye historia ya ripoti, na mashine moja nzee ifanye kazi saa arobaini na nane bila kuzimika hata mara moja. Yakitimia, toleo lingebaki mwaka mmoja zaidi. Yasipotimia, kompyuta kumi na moja zingekaa bila marekebisho, na Mzee Johana, ambaye ndiye mwenyekiti wa kamati ya ukumbi, alikuwa ameshasema neno lake. Kitu kisicho na mwenyewe ni chuma, alisema, na chuma kina mnunuzi. Ukumbini penyewe alizima stima kila usiku wale watatu wakimaliza na kutia ufunguo mfukoni. Ndiyo maana namba saba ilibebwa hadi jikoni kwa Nelvine.

Mtihani wa cheti cha darasa lile ulikuwa Novemba. Nelvine aliacha shule kidato cha pili, sare ikiwa imeanza kumbana tumboni, na tangu hapo huo ulikuwa mtihani wa kwanza uliokuwa unamngoja.

Aliandika tena amri ya kuanzisha hesabu ya saa, herufi kwa herufi, akabonyeza. Saa ya ukutani ilisema saa kumi na moja kasoro dakika kumi. Alihesabu kwa vidole: leo Jumatano, kesho Alhamisi, Ijumaa saa kama hii. Bado inawezekana. Ila Ijumaa saa kama hii mzee angekuwa amewasha mashine yake dakika ishirini kabla.

Chepkemboi alitokea mlangoni akiburuta blanketi. Alikuwa na miaka sita, na kusoma nambari ya kwenye skrini ilikuwa kazi yake rasmi tangu Jumatatu. Alikuwa ameanza pia kuunganisha herufi, na hakuna mfuko wa unga uliopita mikononi mwake bila kusomwa.

"Mama, ni ngapi?"

"Sifuri."

"Jana ilikuwa kubwa."

"Rudi ulale, mama," Nelvine alimwambia, na sauti yake ikatoka kali kuliko alivyotaka.

* * *

Asubuhi hiyo walichuma chai upande wa chini wa shamba, unaopakana na mto. Rebeccah alitangulia, mikono yake ikienda bila macho. Mongina alichuma mstari wa pili. Wazazi wake walihamia kutoka upande wa Nyamira kabla yeye hajazaliwa, na alikuwa na robo ekari ya chai yake mwenyewe, lakini robo ekari hiyo haikuwa na nambari kiwandani. Kwa hivyo majani yake yalipita kwa nambari ya Mzee Johana, kama ya Rebeccah, kama ya Nelvine. Ndivyo ilivyokuwa pande zile. Wanawake watatu huchuma, kila mmoja akafunga gunia lake kwa kitambaa cha rangi yake, na kwenye kituo karani hupima yote na kuandika MG 0417, Johana. Kugawana ni mambo ya nyumbani.

Siku Nelvine alipofungua akaunti ya kutumia kutuma ripoti, ukurasa ulimuuliza jina la mchangiaji. Hakufikiri hata dakika moja. Kazi ni ya watatu, nambari ni moja. Aliandika mg0417. Rebeccah na Mongina walipoambiwa waliona ni sawa kabisa, na Mongina akauliza tu kama kuna karani wa kuibia watu kilo.

Walikuwa kwenye foleni ya kupima, majani mabichi yakinuka mpaka kooni, simu ilipolia. Aliyepiga alijitambulisha kama Amolo, wa Nairobi, mmoja wa wasimamizi wa Veska. Nelvine aliwahi kuona jina lake likiidhinisha vitu. Alitoka kwenye foleni kwa heshima, kama mtu aliyepigiwa na daktari.

"Madam, mg0417 ni nani?" Amolo aliuliza.

"Ni sisi."

"Sisi ni nani?"

Nelvine alianza kueleza, na kadiri alivyoeleza ndivyo alivyosikia mambo yakiharibika. Amolo hakuwa mtu mbaya. Alisema yuko kazini, anatumia mapumziko yake ya chai, na yeye pia halipwi. Lakini akaunti ile ilikuwa imetazamwa jana usiku na wenzake. Ilikuwa inaripoti kutoka mashine mbili kwa dakika ileile. Leo inaandika kama mwalimu, kesho inaandika kama mtu anayetania. Haina sura, haina jina, ina herufi mbili na tarakimu nne. Jumuiya ilishaumizwa siku za nyuma na mtu aliyejificha nyuma ya jina la uongo, na tangu hapo sheria ni moja: mtu mmoja, akaunti moja, kila mtu atie jina lake kwa mkono wake. Akaunti imefungwa. Ripoti zote mia mbili na kumi na mbili zimewekwa kando.

"Lakini ni za ukweli," Nelvine alisema.

"Inawezekana. Lakini hatujui ni za nani."

"Sasa historia yetu iko wapi?"

"Kwa sasa, madam, hamna historia."

Aliporudi, foleni ilikuwa imempita. Karani alimwambia mwenye simu za ofisi arudi nyuma ya mstari, na watu wakacheka kidogo, si kwa ubaya. Alirudi nyuma.

* * *

Jioni, ukumbini, Mwalimu Nyang'au aliwaambia wengine waendelee na zoezi la jedwali, akawaita wale watatu pembeni karibu na dirisha. Amolo alikuwa amekubali kupigiwa tena. Nelvine aliweka simu kwenye spika na kumweleza habari ya nambari ya majani kutoka mwanzo: mita moja ya stima, nambari moja ya kiwanda, sanduku moja la posta, yote ya mzee. Alimweleza vitambaa vya rangi.

"Kwa hivyo hamkuwa mnajificha," Amolo alisema. "Mlikuwa mnapeleka majani."

"Ndiyo."

"Sasa nisikilize dadangu. Mimi nakuamini, lakini kuamini kwangu si sheria. Kila mmoja afungue akaunti kwa jina lake la kitambulisho. Nitawatumia orodha yote. Kila mtu aseme hizi ndizo zangu, na wawili wenzake wathibitishe. Mkikosa mmoja, orodha haikamiliki. Mwenye ripoti nyingi ndiye atakayekuwa mlezi, hiyo pia ni sheria. Mwisho Ijumaa saa sita. Na ile arobaini na nane yenu bado naingoja."

Nelvine alishukuru. Ni Mongina ambaye hakushukuru. Alikuwa amekunja mikono, akitazama nje ambako mvua ilikuwa inaanza kugonga mabati.

"Mimi sifungui kitu," alisema.

Mwalimu Nyang'au alijaribu kucheka. Alimkumbusha kwamba ni dakika kumi tu.

"Mwalimu, wewe ngoja." Mongina alimgeukia Nelvine. "Mama Chepkemboi, ile tisheti iko wapi?"

Nelvine alijua swali hilo lingekuja siku moja. Mwezi wa tatu, jumuiya ilituma zawadi kwa kila mchangiaji aliyepitisha ripoti mia: tisheti moja ya zambarau yenye picha ya ndege korongo, alama ya Veska. Kifurushi kilikuja na jina la MG 0417. Mzee Johana ndiye aliyekichukua posta ya Kericho, kwa sababu sanduku ni lake. Alikifungua njiani. Alipofika nyumbani alikuwa ameshaivaa, na ilimtosha. Nambari ni yangu, alisema, na tangu siku hiyo aliivaa kukamulia ng'ombe.

"Unajua iko wapi," Nelvine alijibu chini chini.

"Najua. Naiona kila asubuhi ikikamua. Nilipokaa hapa mpaka saa tatu, mtoto wangu Kebaso akilala bila mimi, nilifikiri siku moja hata mimi nitapita na korongo kifuani. Nyinyi ni watu wa boma moja. Ikienda kwa mzee imerudi nyumbani. Kwangu haikuja hata kusalimia." Alichukua mwavuli wake. "Majani yangu yanapita kwa nambari yenu kwa sababu sina budi. Hii ya kompyuta niliifanya kwa kupenda."

Akatoka. Rebeccah alisogeza kiti kilichoachwa wazi na kukiingiza chini ya meza, taratibu, bila kutoa sauti.

Njiani kurudi nyumbani Nelvine alikasirika na kila kitu. Alikasirika na Amolo na sheria zake, na mzee na korongo lake, na Mongina aliyechagua wiki hii kati ya wiki zote. Zaidi ya yote alikasirika kwa sababu Mongina alikuwa na haki, na yeye aliiona tisheti ile miezi miwili bila kusema kitu. Ilikuwa rahisi kunyamaza. Mkwe wake alikuwa anapendeza nayo.

* * *

Alhamisi alfajiri swichi haikuanguka, na saa saba mchana, hesabu ikiwa thelathini na mbili, pikapu iliingia bomani. Mzee Johana alishuka upande wa abiria, na dereva akashuka na mizani ya kuning'iniza. Aliitwa Jackton, mnunuzi wa chuma kutoka Chepilat, mtu mnene mwenye adabu nyingi za biashara. Alimsalimia Nelvine kwa mikono miwili.

Mzee aliingia jikoni bila kubisha, akiwa na tisheti yake. "Tunaanza na hii," alisema, akionyesha namba saba. "Ajue uzito wa moja, aseme bei ya kumi na moja."

Nelvine alikuwa anamenya viazi. Aliinuka na kisu mkononi, akakumbuka, akakiweka chini. "Baba, ulisema mpaka kesho saa sita."

"Nilisema. Sasa naambiwa mmefungiwa. Kijiji chote kinajua. Mmefungiwa au hamjafungiwa?"

"Tumefungiwa, lakini kuna njia."

"Kila siku kuna njia. Mwanangu anaamka hana usingizi. Mimi naambiwa nisikatie ng'ombe zangu chakula. Tokeni za stima nanunua mimi. Hawa watu wako wa ng'ambo wamewahi kukununulia hata tokeni?"

Jackton alikuwa amepita upande wa nyuma wa meza, anaigusa mashine mbavuni kama anayechagua kondoo. Alisema bila ubaya wowote kwamba hizi za zamani ni nzuri, zina uzito, za siku hizi ni plastiki tupu. Angetoa thelathini na tano kwa kilo. Mkono wake ulifuata waya ukutani.

"Usiguse hapo," Nelvine alisema.

"Mama, ni chuma tu."

"Usiguse hapo."

Chepkemboi, aliyekuwa ametoka shule, alisimama kati ya mtu yule na soketi, mgongo wake ukutani na begi bado begani. Jackton alitazama chini, akamwona, akacheka, akarudisha mkono. Lakini hakuondoka. Alimtazama mzee.

Hapo Rebeccah alitokea mlangoni. Alikuwa ameloa na ana panga mkononi, kwa kuwa alikuwa anatoka shambani. Hakuingia.

"Johana," alisema. Hakumwita Baba Aron. "Uliahidi Ijumaa saa sita mbele ya kamati. Mimi nilikuwa nimekaa hapo nikiandika kumbukumbu."

"Kumbukumbu," mzee alisema kwa dharau.

"Zinasema Ijumaa."

Mvua iliongezeka. Jackton alikuwa wa kwanza kuchoka. Alisema yeye yuko tu, kesho saa sita na nusu atapita, na bei itabaki vilevile. Mzee alitoka naye bila kumtazama mkewe. Pikapu ilipokuwa inageuza, magurudumu yalizama kidogo kwenye tope, na Aron, aliyekuwa ndio kwanza anarudi kutoka kazini, ilibidi aisukume. Aliingia jikoni amerushiwa tope mpaka kifuani.

"Nimemsukuma nani?" aliuliza.

Nelvine alimwambia. Aron alikaa, akavua viatu, akatazama skrini kwa muda mrefu.

"Na ikifika hiyo arobaini na nane, na Mongina hataki, inasaidia nini?"

"Haisaidii kitu."

"Basi kwa nini uko hapa na mimi?"

* * *

Alimkuta Mongina anasonga ugali. Hakukaribishwa kiti, kwa hivyo alisimama penye mlango wa jikoni, matone ya paa yakimwangukia kisigino. Alianza kuomba msamaha wa tisheti, akaona maneno yanatoka kama ya barua. Akaacha. Alitoa simu, akafungua ile orodha ya Amolo, akasoma kwa sauti.

"'Mashine namba tano ni mkaidi kama shemeji yangu. Ukiiambia zima, inauliza kwa nini. Ukiiambia tena, inazima bila kuaga.'"

Mwiko ulisimama.

"'Namba mbili imepona. Jana ilikuwa haioni kipanya, leo inakiona hata kabla sijakigusa. Mwenye kurekebisha hii abarikiwe, na kama hajaoa tuna wasichana.'"

"Huyo alijibu," Mongina alisema bila kugeuka. "Alisema ameoa."

"Nilisoma zote jana usiku. Nikajua ni zako bila jina. Zangu ni kavu. Imewaka, imezima. Za Mama Rebeccah zinaanza na mvua: hapa kwetu kunanyesha, namba tisa imekwama. Amolo alisema tunaandika kama watu watatu, ndiyo maana wakatushuku. Mongina, sikusema kitu juu ya tisheti kwa sababu niliogopa mzee. Hiyo ndiyo yote. Sina ingine nzuri."

Mongina aligeuza ugali mara mbili zaidi kuliko ulivyohitaji.

"Soma ile ya printa," alisema mwishowe.

Walikaa ukumbini jioni hiyo watatu na mwalimu, wakipitia ripoti moja baada ya nyingine. Hii yako. Hii yangu. Hii ina mvua, ni ya Mama. Rebeccah alipofungua akaunti, alisimamisha kidole juu ya kibodi na kuuliza kwa sauti ndogo kama aweke jina la mzee.

"Jina lako, Mama," Nelvine alisema.

"Lote?"

"Lote."

Aliliandika kwa kidole kimoja, akarudi akalitazama, akaongeza nukta mwishoni ambayo haikuhitajika. Hakuna aliyemwambia aifute.

Hesabu ilipokamilika, Mwalimu Nyang'au aliisoma mara mbili. Mongina tisini na sita. Rebeccah sabini na nane. Nelvine thelathini na nane. Nelvine mwenyewe hakuamini, kisha akaamini. Jioni zile zote alikuwa anabeba mashine, anaunganisha waya, anawasaidia wengine waliokwama, anatafuta bando. Waliokaa wakaandika walikuwa wale wawili. Alikuwa ameshamwambia Aron kwamba atakuwa mlezi wa Veska. Alikuwa amemwambia mamake kwa simu. Alikuwa hata amefikiria itakaa vipi kwenye karatasi ya kuombea kazi.

"Kwa hivyo ni mimi?" Mongina aliuliza, na kwa mara ya kwanza siku hiyo alionekana ameogopa.

"Ni wewe," Nelvine alisema. Alibonyeza tuma, akafunga kifuniko cha simu, akasema anaenda kumlaza mtoto. Nje alisimama kwanza nyuma ya ukumbi, uso ukutani, mpaka pumzi yake ikatulia.

* * *

Ijumaa, saa kumi na robo, alikuwa ameshakaa kwenye kigoda mbele ya skrini. Arobaini na saba, dakika ishirini na tano. Aliwaza kwenda kumpigia mzee magoti. Aliwaza kuficha waya wa mashine ya napia. Saa kumi na nusu alisikia mlango wa nyumba kubwa ukifunguka, na buti za mpira zikivuka uwanja kwenda zizini. Alishika ukingo wa meza kwa mikono miwili.

Hakuna kilichonguruma.

Buti zilisimama. Zilizunguka zizi. Zilirudi. Kisha sauti ya ng'ombe wakitafuna ikamfikia, taratibu na kwa raha, na hakuelewa.

Mlango ulifunguliwa. Mzee Johana alisimama na tochi, korongo kifuani. Nyuma yake alikuwa Rebeccah, amejifunga shuka, kiganja chake cha kulia kimefungwa kitambaa.

"Nani alikata napia?" mzee aliuliza. "Hori zote tatu zimejaa."

"Mimi," Rebeccah alisema. "Jana."

"Kwa nini?"

"Kwa panga."

Si hilo alilouliza, lakini mzee alitazama kitambaa kile mkononi mwa mkewe na hakurudia swali. Aron alitoka chumbani akiwa amembeba Chepkemboi, ambaye alikuwa ameahidiwa kuamshwa. Wote wakasimama jikoni, watu watano na kompyuta moja. Dakika zile zilikwenda polepole mno. Nelvine alitazama tarakimu zikibadilika mpaka zikapoteza maana.

Kisha zikasimama. Skrini ilijisafisha na kuandika kwamba jaribio limekamilika bila kukatika, halafu ikauliza limefanywa na nani. Nelvine aliandika. Alikosea, akafuta, akaandika tena. Alituma. Kwenye ukurasa wa toleo la mashine nzee, sharti la kwanza lilikuwa limetimia tangu jana usiku, lenye jina la Mongina. La pili likatimia sasa. Chini yake mstari mmoja ukabadilika: toleo litaendelea miezi kumi na miwili.

"Kwa hivyo Jackton asije," Aron alisema.

"Asije mwaka mmoja," Rebeccah alisema.

Mzee Johana alisogea, akainama, tochi ikimulika skrini ambayo haikuhitaji kumulikwa. Aliisoma kwa muda, au alijifanya anasoma. Alinyoosha kifua cha tisheti yake.

"Wameweka nambari yangu?" aliuliza.

Rebeccah alitazama sakafu. Chepkemboi alishuka mikononi mwa baba yake, akapanda kigoda, akaweka kidole kwenye herufi ya kwanza na kukiburuta hadi ya mwisho.

"Kugo," alimwambia babu yake, "hapa pameandikwa jina la mama."